Mume, Mke na Mdudu wa Besiboli: Kichekesho cha 1911 na Dawa ya Kuchekwa

Utangulizi

Tarehe 24 Novemba 1911, kampuni ya Thanhouser ya New Rochelle, mji ulio karibu na jiji la New York, ilitoa filamu fupi ya kuchekesha iitwayo The Baseball Bug. Hadithi yake inaelezeka kwa pumzi moja. Karani wa mji mdogo anajiona bingwa wa besiboli, na majivuno yake yanamchosha mkewe. Mke anawaita wachezaji wa kweli, mabingwa wa nchi nzima, waje kupambana na mumewe. Karani anaaibika, majivuno yanamtoka, na nyumba inapata amani.

Neno la mwisho katika jina la filamu hiyo maana yake ni mdudu. Katika Kiingereza cha mitaani cha Wamarekani wa wakati ule, mtu aliyeshikwa na besiboli kupita kiasi aliitwa mdudu, kama vile sisi tunavyosema kwamba fulani ameumwa na mdudu wa siasa au wa muziki. Kwa hiyo hadithi nzima ni ya ugonjwa na tiba. Mume ni mgonjwa, mke ni mganga, na dawa ni kuchekwa.

Katika insha hii nataka kuonyesha kwamba kichekesho hiki kidogo kilibeba somo zito. Kilimfundisha mtu wa kawaida mahali pake katika mchezo ambao zamani ulikuwa wake: akae jukwaani, alipe kiingilio, awaachie wengine wacheze. Nitauliza nani alimcheka nani, na kicheko hicho kilimfaidi nani. Mimi ni mwanafunzi wa historia na Kiswahili kutoka Uganda. Swali hili linanigusa kwa sababu nchini kwetu besiboli inachezwa, na Kiswahili chetu kinachekwa. Nitayafikia mambo hayo mawili baada ya kuieleza filamu na wakati wake.

Tunavyozijua filamu za namna hii

Filamu yenyewe sijaiona. Nimeusoma muhtasari wake, na hiyo ndiyo hali ya kawaida kwa mtu anayechunguza sinema za miaka ile. Makampuni yalitoa filamu mpya kila wiki, na Thanhouser ilikuwa na desturi ya kutoa zake Jumanne na Ijumaa. Ili wenye kumbi wajue wanakodi nini, muhtasari wa kila filamu ulichapishwa katika magazeti ya biashara kama The Moving Picture World. Leo magazeti hayo yanasomeka, lakini filamu nyingi zilizoelezwa humo hazipo tena. Ukanda wa filamu wa wakati ule ulitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachoshika moto upesi na kuoza kikiachwa. Studio ya Thanhouser yenyewe iliungua tarehe 13 Januari 1913. Uchunguzi uliotolewa na Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka 2013 ulikuta kwamba, kati ya filamu ndefu bubu karibu 11,000 zilizotengenezwa Marekani, ni asilimia 14 tu ambazo bado zipo kamili katika umbo lake la asili. Filamu fupi, ambazo hazikuzidi robo saa, zilitunzwa kwa uangalifu mdogo zaidi.

Tunaziita filamu bubu, lakini ukumbini hapakuwa kimya. Palikuwa na piano, palikuwa na watazamaji wanaosoma maandishi ya pazia kwa sauti, na katika kumbi nyingine alikuwapo msimulizi anayeeleza kinachotokea. Sisi wa Uganda hatuhitaji kuelezwa sana jambo hilo. Katika vibanda vyetu vya video, msimulizi anayeitwa vijei hutafsiri filamu za nje kwa Kiganda na kutia utani wake, na wako wanaolipa kwa ajili yake kuliko kwa ajili ya filamu. Tunaposoma muhtasari mkavu wa 1911, basi, tukumbuke kwamba tunasoma mifupa. Nyama yake ilikuwa kicheko cha ukumbi uliojaa makarani, mafundi, wake zao na watoto wao, kila mmoja akiwa amelipa senti tano au kumi.

Karani na saa za alasiri

Kwa nini mgonjwa katika hadithi ni karani? Jibu liko katika saa. Uwanja wa kwanza wa ligi kuu kuwekewa taa za kuchezea usiku ulikuwa wa Cincinnati, na mechi ya kwanza chini ya taa hizo ilichezwa tarehe 24 Mei 1935. Kabla ya hapo mechi zilichezwa alasiri, mara nyingi kuanzia saa tisa au saa kumi. Siku ya Jumapili, ambayo mfanyakazi alikuwa na nafasi, michezo ya kulipwa ilikatazwa na sheria katika sehemu nyingi za mashariki. Jimbo la New York liliruhusu mwaka 1919, na Philadelphia ikasubiri hadi miaka ya 1930. Kwa hiyo mtu wa ofisini aliyetaka kuona mechi siku ya kazi alipaswa kutoroka au kudanganya. Uongo wa kwamba bibi amefariki na lazima nihudhurie mazishi ulikuwa mzaha wa kila mtu. Mapema kabisa, mwaka 1906, kampuni ya Edison ilikuwa imetengeneza kichekesho kuhusu kijana wa ofisini aliyekwenda kuangalia mpira badala ya kufanya kazi.

Karani alikuwa mtu wa kati. Hakuwa kibarua wa kiwandani, wala hakuwa tajiri. Alivaa kola safi na kukaa kitako siku nzima akiandika hesabu za watu wengine. Timu ya mji ilimpa jambo ambalo dawati halikumpa, yaani kuonekana. Katika miji midogo ya Marekani mchezo huu ulikuwa wa majirani. Mwuza duka alirusha mpira, seremala akasimama na gongo, na karani akakimbia. Waswahili husema mcheza kwao hutuzwa. Karani wetu alicheza kwao, akatuzwa sifa, na sifa zikampanda kichwani.

Wakati huohuo mchezo ulikuwa unahama. Mwaka 1909 Philadelphia ilifungua Shibe Park, uwanja wa kwanza wa besiboli ya ligi kuu kujengwa kwa chuma na zege. Miji mingine ikafuata mara moja. Majengo ya namna hiyo hayajengwi kwa ajili ya majirani wachache. Yanahitaji maelfu ya watu wanaokaa na kutazama. Biashara hiyo ilimhitaji karani apende besiboli kwa moyo wote, ila aipendee jukwaani.

Mke aliye mganga

Sasa tumtazame mke. Vichekesho vya ndoa vya miaka hiyo vilipenda mfano wa mke anayemtibu mumewe. Unaoweza kutazamwa mpaka leo ni A Cure for Pokeritis, uliotolewa na kampuni ya Vitagraph ya Brooklyn mwezi Februari 1912, miezi mitatu tu baada ya filamu yetu. Mume ni John Bunny, mtu mnene mwenye uso wa kuchekesha, na mke ni Flora Finch, mwembamba kama ufito. Mume ameapa kuacha kamari ya karata, kisha anadanganya kwamba kila wiki anakwenda kwenye mkutano wa chama. Anajifichua kwa kuota kwa sauti. Mke anamwita binamu yake, ambaye anawavika wenzake wa darasa la Biblia sare za polisi, nao wanawavamia wacheza karata. Waume wanatetemeka, wake wanaingia na kuwachukua, na ugonjwa unakwisha. Mwaka 2011 filamu hiyo iliingizwa katika orodha ya filamu za taifa zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge.

Ukiziweka hadithi hizi mbili pamoja, muundo wake ni mmoja. Mke hana mamlaka ya moja kwa moja. Mwaka 1911 wanawake katika sehemu kubwa ya Marekani hawakuwa na kura, na katiba ya nchi ilibadilishwa kwa ajili yao mwaka 1920 tu. Katika hadithi hizi mke hamwamuru mumewe wala hamtishi. Anachofanya ni kuazima nguvu kutoka nje ya nyumba, polisi wa bandia katika hadithi moja na mabingwa wa kweli katika nyingine, kisha anajificha nyuma yao. Asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, na mke huyu anauleta ulimwengu mpaka mlangoni.

Baadhi ya watu wanaweza kusema kwamba hizi ni hadithi za kumdharau mwanamke, kwa kuwa zinamfanya adui wa furaha ya mume. Sikubaliani nao kabisa. Katika filamu hizi mwenye akili ni mke. Yeye ndiye anayepanga, na mume ndiye anayepangiwa. Isitoshe, hapakuwa na mtu aliyeamini kwamba wanawake hawapendi besiboli. Wimbo maarufu kuliko yote ya mchezo huo, Take Me Out to the Ball Game, uliotungwa mwaka 1908, unamhusu msichana anayeshabikia mpira. Mwaka 1914 Bunny na Finch wenyewe waliigiza katika Hearts and Diamonds, ambamo mjane mwanamume anajitia mtu wa besiboli ili apendwe na mwanamke anayeupenda mchezo huo. Mke wa karani, kwa hiyo, hakuwa akipinga besiboli. Alikuwa akipinga majivuno.

Tena, Thanhouser yenyewe ilikuwa kampuni ya mume na mke. Edwin Thanhouser aliianzisha mwaka 1909 katika jengo lililokuwa la kuchezea sketi, na mkewe Gertrude, aliyekuwa mwigizaji, alifanya naye kazi akishughulika na hadithi na uhariri. Walipocheka mambo ya ndoa, walicheka jambo walilolijua.

Mabingwa waliokodiwa

Waliomwaibisha karani hawakuwa waigizaji. Walikuwa wachezaji wanne wa Philadelphia Athletics: Charles Bender, Jack Coombs, Cy Morgan na Rube Oldring. Tarehe 26 Oktoba 1911 timu yao ilikuwa imechukua ubingwa wa World Series kwa kuifunga New York Giants michezo minne kwa miwili. Mchezo wa mwisho ulikwisha 13 kwa 2, na mrushaji wa siku hiyo alikuwa Bender. Filamu ilitolewa siku 29 tu baadaye, majina hayo yakiwa bado midomoni mwa watu.

Kwa msomaji asiyeujua mchezo, nieleze kidogo. Mrushaji husimama karibu mita 18 na nusu kutoka kwa mpigaji mwenye gongo. Mpira wa mrushaji hodari hufika kwa muda wa nusu sekunde hivi, tena unaweza kupinda njiani. Mpigaji akikosa mara tatu, ametoka. Coombs alikuwa ameshinda michezo 31 katika msimu wa 1910. Kumsimamisha karani mbele ya mtu kama huyo ni sawa na kumwambia fundi baiskeli wa Masaka akimbie na Joshua Cheptegei. Hakuna anayeuliza nani atashinda. Watu wanakuja kuangalia atashindwaje.

Lakini tuwatazame mabingwa hawa kwa karibu. Kwa nini mtu aliyeshinda taji kuu la nchi aje kuchekesha watu katika filamu ya dakika chache? Kwa sababu alihitaji fedha. Tangu mwaka 1879 wenye timu walikuwa wamejiwekea kanuni ya kumshikilia mchezaji. Mkataba wake ulipokwisha, bado hakuruhusiwa kwenda timu nyingine bila ridhaa ya mwenye timu. Kanuni hiyo ilidumu hadi 1975. Mchezaji hakuwa na soko la kuuza kipaji chake, na katika miezi ya baridi alitafuta kipato kingine. Wengi walipanda majukwaa ya michezo ya kuigiza wakati sifa zao zilipokuwa bado moto, na sinema ilikuwa mlango mwingine wa aina hiyohiyo. Yule aliyekuja kumwonyesha karani mahali pake alikuwa yeye mwenyewe ameshaonyeshwa pake na tajiri wake.

Kwa Bender hali ilikuwa nzito zaidi. Alizaliwa Minnesota mwaka 1884, mama yake akiwa wa kabila la Ojibwe. Alisoma katika shule ya Carlisle, Pennsylvania, iliyoanzishwa mwaka 1879 kuwafuta watoto wa wenyeji wa asili mila zao. Huko watoto walikatwa nywele na kukatazwa lugha za mama zao. Alipofika ligi kuu mwaka 1903, magazeti na mashabiki walimpachika jina la Chifu, jina walilompa karibu kila mchezaji wa asili yake, na viwanjani walimpigia kelele za kuigiza vita. Yeye mwenyewe akitia sahihi aliandika Charles Bender. Mwaka 1953 alichaguliwa kuingia katika ukumbi wa heshima wa besiboli, na akafariki mwaka uliofuata.

Hapa ndipo kichekesho kinapopinduka. Mtu aliyechekwa kila alasiri kwa sababu ya kuzaliwa kwake anakodiwa kumchekesha mzungu wa kola safi hadi ajione mdogo. Kwa dakika chache ukumbini, kicheko kilibadili mwelekeo. Watazamaji walikuwa upande wa Bender, na karani ndiye aliyekuwa kituko. Sidhani kwamba kampuni ilikusudia somo hilo, kwa maana ilichotaka ni jina linalouza tiketi. Hata hivyo picha ilibaki picha, na mtu wa Carlisle alisimama katikati yake kama bingwa.

Kicheko cha huku kwetu

Ninaposoma hadithi ya karani nakumbuka mzaha ambao kila mwanafunzi wa Kiswahili kutoka Uganda ameambiwa: Kiswahili kilizaliwa Zanzibar, kikakulia Tanzania, kikaugua Kenya, kikafa Uganda, kikazikwa Kongo. Mimi pia hucheka, kwa kuwa mzaha ni mzuri na ngeli zetu wakati mwingine hugongana kama bodaboda za Kampala. Lakini mzaha huo una kazi ileile iliyofanywa na wachezaji wa Philadelphia. Unamwambia Mganda kwamba wenye lugha wako mahali pengine, naye akae jukwaani asikilize. Matokeo nayaona kwa wenzangu darasani. Mtu anaelewa taarifa ya habari nzima, ila hathubutu kufungua kinywa mbele ya mgeni kutoka Tanga. Mwezi Julai 2022 Baraza la Mawaziri la Uganda liliamua Kiswahili kiwe lugha rasmi na kifundishwe kwa lazima shuleni. Uamuzi huo hautafika mbali kama kila anayejaribu anatibiwa kwa kicheko.

Besiboli yenyewe inatupa mfano mwingine. Mwaka 2011 timu ya watoto kutoka Kampala ilifuzu kwenda Williamsport, Pennsylvania, kwenye mashindano ya dunia ya Little League, ikanyimwa viza. Mwaka 2012 timu ya Lugazi ilifika, ikawa timu ya kwanza kutoka Afrika kucheza katika mashindano hayo. Ilifungwa, kisha ikaifunga timu ya Gresham, Oregon, 3 kwa 2. Mwaka 2022 klabu ya Los Angeles Dodgers iliwasajili vijana wawili wa Kiganda. Watoto wa Lugazi walisimama mbele ya warushaji waliolelewa na mchezo huo tangu utotoni, katika jimbo lilelile la Carlisle na Shibe Park. Kwa hesabu za 1911 walipaswa kupona mdudu na kurudi nyumbani. Wao wakaendelea kucheza.

Hitimisho

Nimeeleza kwamba The Baseball Bug ni kichekesho cha tiba, chenye muundo mmoja na vichekesho vingine vya ndoa vya wakati wake. Mke mwenye akili lakini asiye na mamlaka anaazima nguvu ya nje, na mume anarudishwa kwenye nafasi yake. Nimeeleza pia kwamba nafasi hiyo iliwafaa sana wenye viwanja vya zege na wenye kumbi za sinema, na kwamba mabingwa waliotumika kama dawa walikuwa wamefungwa kwa mikataba, mmoja wao akibeba pia jina ambalo hakulichagua.

Simlaumu mke. Majivuno nyumbani ni kero, na alistahili kupumzika. Ninachokitilia shaka ni kipimo cha dawa. Karani alikuwa na magonjwa mawili, kujisifu na kupenda kucheza, na hadithi iliyatibu yote mawili kana kwamba ni moja. La kwanza lilihitaji tiba. La pili halikuwa ugonjwa. Tofauti hiyo inafaa kukumbukwa na kila anayemsahihisha mwanafunzi, awe mwalimu wa michezo au mwalimu wa lugha: amtoe majivuno yake, amwachie gongo mkononi.